M'Njira na Kengele ya Mbwa

Apolline M'Rutega, muuza ndagala wa soko la Nyawera, hakuwa mwanamke wa kukosa jibu. Ukimwambia ndagala zake zina mchanga, anakuuliza kama kwenu samaki wanalalaka kitandani. Ukimwambia amenenepa, anakushukuru. Lakini jambo moja lilimfunga mdomo tangu utoto, na kila adui yake pale sokoni alilijua: jina la mama yake.

Kwetu sisi Bashi, mwanamke anambeba baba yake ndani ya jina. Apolline alikuwa M'Rutega, ndiyo kusema binti wa Rutega, na kilima cha Rutega kinajulikana. Mama yake aliitwa M'Njira. Binti wa njia.

Zamani, mbele Wazungu hawajajenga hata nyumba moja huku, wanawake waliokwenda kukata matete katika kinamasi, chini ya Walungu, walimkuta mutoto wa miaka mitano ao sita amesimama ndani ya maji, matope mpaka magotini, kimya kama nguzo. Wakamtoa, wakamketisha kando ya njia ili mwenyewe akipita amchukue. Siku tatu hakupita mutu wa kumdai. Siku ya nne bibi mmoja akampeleka kwake, akamlisha, na mwaka mzima mutoto hakufungua kinywa. Alipokifungua alisema Mashi safi, lugha yetu, kama aliyenyonya nayo. Walipomuuliza anaitwa nani, alijibu:

“Sijaitwa bado.”

Jibu hilo alilirudia maisha yake yote. Padri wa kwanza alifurahi sana kulisikia. Alidhani mutoto anangojea ubatizo, basi akammwagia maji, akamwita Maria. Kesho yake akamuuliza, “Sasa unaitwa nani?” Mutoto akasema, “Sijaitwa bado.” Padri akaacha. Na Rutega naye, alipomuoa, aliuliza mara moja tu. Watu wakasema hana akili zote, lakini shamba lake lilikuwa safi na watoto wake tisa walikula, kwa hiyo hawakusema kwa nguvu.

Tena mama huyo alikuwa na desturi yake. Watoto wakichelewa kule ziwani, wamama wengine wa Nyalukemba, mtaa walikoishi kando ya maji, walisimama mulangoni na kuita majina. M'Njira hakuita jina la mutu. Alitoka na sufuria, akaigeuza, akaigonga matakoni kwa mwiko: mara tatu polepole, akangoja pumzi nzima, kisha mara mbili haraka. Ko. Ko. Ko. Halafu ko-ko. Watoto wake waliijua sauti ile kuliko kengele ya kanisa. Kwa bahati mbaya, watoto wa wengine pia waliijua. Shuleni kwa Masista, Apolline akikosea hesabu, wasichana waligonga vidole juu ya meza: ko, ko, ko, ko-ko. Siku moja alirudi nyumbani na machozi ya hasira.

“Mama, huwezi kuniita sawa vile batu bengine banaitaka batoto yabo?”

M'Njira akamfuta machozi. “Na mutu mwengine akikuita kwa jina, utajua namna gani kama si mimi?”

Apolline hakuona maana. Alipozaa watoto wake mwenyewe aliwaita kwa majina, na kwa sauti kubwa, jirani wote wasikie.

Basi miaka ikapita. Rutega akafa, bwana ya Apolline akafa, watoto wakaenda Kisangani na Kinshasa, na Apolline akabaki pale Nyalukemba na mama yake muzee, nyumba moja, jiko moja. Ikafika mwaka wa 1973. Zaïre ilikuwa imekataza majina ya Wazungu, na kila mutu alipaswa kwenda kuandikisha jina la mababu. Barabarani, mbele ya kukuita Apolline, watu walitazama kwanza nyuma.

Karani aliyeketi nyuma ya meza ile alikuwa Adalbert mpaka mwaka uliotangulia. Sasa alikuwa amevaa abakosti, koti la serikali mpya, iliyofungwa mpaka shingoni na alitaka aitwe kwa jina la babu yake, refu kama kamba ya mbuzi. Akaandika upande wa baba bila shida. Kisha:

“Mama?”

“M'Njira.”

Kalamu ikasimama. “Citoyenne,” akasema, kama serikali ilivyoamuru kumwita kila mwanamke, “njia haizalake batu. Baba ya mama yako ni nani?”

“Hajulikani.”

“Ukoo?”

Apolline akatazama meza. Nyuma yake katika mustari alisimama Colombe, jirani yake wa nyumba na wa meza sokoni, mwanamke ambaye ulimi wake haukuwa na siku ya mapumziko. “Papa karani,” akasema, “andika tu Route, ile barabara ya Walungu. Njo babu yake, tena ni mukubwa, kamio zote zinapitaka juu yake.”

Mustari mzima ukacheka. Adalbert wa zamani akacheka pia, kisha akapiga alama mahali pa mama. “Mimi naacha tupu. Ukipata jina, rudi. Mutu bila babu haiko mutu ya hapa.”

Apolline alirudi kwa miguu, hakusalimia mutu. Alimkuta mama yake anachambua sombe, majani ya muhogo, kwenye kizingiti.

“Mama, nipatie jina. Hata ya kutunga.”

“Sijaitwa bado, mwana wangu.”

“Una miaka makumi munane. Nani atakuita sasa?”

M'Njira akaendelea kuchambua sombe.

Majuma mawili baadaye mvua ilinyesha juu ya ngazi za mawe, na M'Njira akateleza. Hakuvunjika mfupa, lakini kichwa kiligonga. Siku mbili alilala. Siku ya tatu akafungua macho, Apolline akainama kumpa maji, na mama yake akasema naye kwa lugha ambayo Apolline hakuwahi kuisikia.

Alidhani ni homa. Akamjibu kwa Mashi. Mama yake akamtazama kama mutu anavyotazama mulango wa nyumba ya wengine, akaweka mkono juu ya mdomo, akanyamaza. Apolline alipomwacha, mama alianza tena, kwa kunong'ona, akielekea ukuta. Maneno yale yale. Mashi ilikuwa imetoka ndani yake, na Kiswahili, na hata Baba Yetu.

Apolline akamwita kaka yake Déogratias, fundi wa nguo. Huyu ndiye aliyekuwa kinywa cha familia. Kwenye harusi alisema kwa ajili ya wote, kwenye kilio alisema kwa ajili ya wote, na ukimwalika kula alisema pia kwa ajili ya bugali. Déogratias akasikiliza, akatikisa kichwa kama mwenye kujua, akaenda kutafuta wakalimani.

Alileta Mulega wa Shabunda, mchimba dhahabu. Akaleta mama mmoja wa Luberizi aliyekuja kuuza mchele. Akaleta soda, askari wa kambi, mwenye Lingala na Kitetela, na muzee wa Kasongo aliyewahi kufika mpaka Ujiji. Kila mmoja aliinama, akasikiliza kwa heshima, akasema vile vile: “Hii si yetu. Lakini inafanana na ya jirani zetu.” Padri muzee wa parokia naye akaja. Akasema si Kilatini.

Sasa watu wakaanza kuogopa. Neno la muzazi anayekufa haliachwi chini kwetu. Linasikiwa, linajibiwa, ndipo anakwenda vizuri. Na huyu alikuwa anasema kutwa, na hakuna aliyejua kama anabariki ao analaani. Tena kulikuwa na jambo lingine lililokuwa baya zaidi. Mwanamke aliyekufa anapaswa kutangazwa kwa watu wa kwao, na mutu wa kwao ndiye anatupa udongo wa kwanza. Nani angetangaziwa? Apolline aliona kwa macho yake kaburi limefunguka na watu wamesimama kando yake, wanatazamana, wanangojea njia ije kumzika binti yake. Colombe angekuwa mstari wa mbele.

Colombe mwenyewe alikuja na sahani ya maharagi, kwa sababu ulimi ni ulimi na ujirani ni ujirani. Akasikiliza mnong'ono ule. “Yaya Déo,” akamwambia Déogratias, kwa heshima ya kaka mkubwa, “kama ni laana, laana ya lugha mugeni inafikaka?”

“Inafika,” akasema Déogratias. “Inachelewa tu kwa mupaka.”

Apolline hakucheka. Alikuwa amekwisha kufunga kikwembe, kitenge chake cha safari.

Kila mutoto wa Bushi alilala na habari ya kengele ya mbwa. Ilisemwa kwamba muhigi, muwindaji mmoja wa zamani, alikuwa na mbwa mwenye kengele ya mti shingoni, na mbwa huyo alimfuata mnyama mmoja kupita nchi saba. Katika kila nchi watu walisikia kengele, wakaelewa: mbwa huyu ana mwenyewe, anatafuta, asipigwe. Mbwa akarudi kwao. Ulimi wa kengele ulikuwa umeanguka njiani, lakini nchi zote saba zikabaki ndani yake. Ukiweka kinywa cha kengele kwenye sikio lako, unamsikia mugeni kwa lugha ile mama yako alikubembeleza nayo. Ukiigeuza na kusema ndani yake, mugeni anakusikia wewe. Wote waliijua habari hiyo. Aliyeiona kengele yenyewe hakuna, ila ilisemwa kwamba iko nyuma ya Walungu, kwa Muzee Constantin, na kwamba aliwakatalia machifu na Wazungu pia.

Apolline alipanda kamio, lori lenye makopo ya chumvi, akatembea saa mbili, akamkuta muzee mfupi anaziba tundu katika nyumba ya kuku wake. Akamweleza yote, tangu matete mpaka karani.

“Wote wanaokuja hapa,” akasema Muzee Constantin, “wanatakaka kusikia adui. Mufanyabiashara anataka kusikia mwenzake, chifu anataka kusikia chifu. Weye unataka kusikia nani?”

“Mama.”

“Na unataka aseme nini?”

“Jina lake. Na la baba yake.”

“Kengele haichague. Itakupatia kile kiko.” Akasimama, akafuta mikono. “Mimi niko na miaka sabini, na hakuna hata mutu moja aliniomba juu ya mama yake. Twende.”

Ilikuwa katika kikapu cha kawaida, chini ya tumbako. Njiani, juu ya kamio, akamfundisha sheria zake mbili. Ya kwanza: aliyesikia kupitia kengele anasema palepale kwa sauti yale aliyosikia, hafichi, haongezi. Ya pili: anayesema kupitia kengele asiseme uongo, hata ule wa huruma. “Uongo ukiingia, inabaki kuni.”

Walifika Nyalukemba mchana, mvua inapiga mabati. Habari ilikuwa imefika mbele yao. Chumba kilijaa, na barazani watu walisimama chini ya ukingo wa bati kama kuku. Muzee Constantin akawarudilia wote sheria zake mbili, polepole. Déogratias akaitika “ndiyo, papa” mbele muzee hajamaliza. Kisha kengele ikatoka kikapuni. Ilikuwa kipande cha mti mweusi, ukubwa wa ngumi mbili, kimepasuka kidogo kandokando, bila ulimi. Mutu mmoja barazani akasema, “Kumbe ndogo,” kwa sauti ya mutu aliyedanganywa.

M'Njira alikuwa amelala akielekea ukuta, ananong'ona. Apolline akapiga magoti kando ya kitanda, akaweka kinywa cha kengele sikioni.

Kwanza akasikia kama upepo katika chupa. Kisha sauti ya mama yake ikaja kwa Mashi, wazi, karibu sana, hata akageuka kutazama kama kuna mutu nyuma yake. Akairudisha kengele sikioni. Alikaa hivyo mpaka Muzee Constantin akamgusa bega.

“Sema.”

Apolline akasema, na sauti yake haikuwa ile ya sokoni.

“Anasema: Mama, matope imefika magotini. Sijalia. Watu wa bunduki bado wanapita, nasikia minyororo ya wale wamefungwa.”

Mvua tu.

“Anasema: Uliniambia nisimjibu mutu, hata akiniita kwa upole, hata akinipa chakula. Chakula nimekula, unisamehe. Jina sijawapatia. Uliniambia utarudi na utaniita sawa vile unaniita nyumbani, na nikisikia nitoke, nipaze sauti, niseme jina langu na jina la baba, upate kujua niko upande gani wa matete.”

Mama yake alinong'ona tena kidogo.

“Anasema: Miguu inachoka. Mama, utaniita saa ngapi?”

Colombe, mulangoni, alikuwa ameshika sahani tupu kifuani kama mutu anayejikinga. Mwanamke mmoja akaketi chini pale alipokuwa amesimama. Apolline alikaa na kengele mapajani, na kichwani mwake ilizunguka hesabu ambayo Masista hawakumfundisha: mwanamke huyu aliolewa, alizaa tisa, alizika sita, alilima, alicheka, alizeeka, na siku zote hizo alikuwa amesimama katika maji yale, anangojea. Sijaitwa bado. Aliwaambia. Kila mutu aliyeuliza aliambiwa, na hakuna aliyesikia.

Na hapo ndipo Déogratias alipofanya kosa lake. Maisha yake yote alikuwa kinywa cha familia, na kwake yeye kimya cha watu wengi kilikuwa kazi inayomngojea. Akainama, akaitwaa kengele kutoka mapajani mwa dada yake, akaigeuza, akaweka kinywa chake ndani, akasema kwa sauti laini ya mwanamke:

“Mwana wangu, ni mimi mama yako. Toka.”

Muzee Constantin alikuwa amekwisha kunyoosha mkono, lakini mkono wa muzee ni mkono wa muzee. Ikasikika pa, sauti ndogo, kama karanga ikipasuka motoni. Ufa wa kengele ukashuka mpaka chini.

M'Njira akashtuka kitandani. Akavuta kikwembe juu ya kichwa, akajikunja mpaka akawa mdogo kama mutoto, na hakunong'ona tena. Hata pumzi alikuwa anaificha.

Muzee Constantin akaichukua kengele, akaiweka sikioni, akaishusha. Hakukasirika usoni. Aliketi kwenye kiti kama mutu aliyerudi kutoka kwa maziko.

“Papa,” akasema Déogratias, “nilitaka kumusaidia.”

“Njo uongo ule nilikuambia.”

“Sasa tunafanya nini?”

“Sasa iko mti.”

Déogratias akafungua kinywa. Kwa mara ya kwanza katika miaka hamsini na sita hakikutoka kitu. Akatoka, akasimama kwenye mvua.

Apolline alitazama ile shuka ya kikwembe iliyojikunja. Kitu kimoja tu alikuwa amekiomba, jina, na jina lilikuwa pale, hatua moja, ndani ya mutu aliyeambiwa asilitoe mpaka aitwe sawa vile anavyoitwa nyumbani. Lakini nyumbani wapi? Namna gani? Kwa lugha gani ya watu wasiojulikana? Aliyejua alikuwa mwanamke mwingine, aliyefungwa mnyororo ao aliyekufa, miaka makumi saba na tano iliyopita, na namna hiyo hakumwachia mutu.

Hakumwachia mutu. Apolline akarudia neno hilo, na likakwama juu ya jibu la mama yake siku ile ya machozi: Na mutu mwengine akikuita kwa jina, utajua namna gani kama si mimi?

Akasimama. Watu wakampisha, wakidhani anakwenda kulia. Akaingia jikoni, ambako sombe ilikuwa inachemka juu ya makaa, akaishika sufuria kwa pindo la kikwembe, akaimwaga sombe yote katika beseni. Akarudi chumbani na sufuria nyeusi, mvuke bado unatoka, na mwiko. Mbele ya jirani zake wote, mbele ya Colombe, mbele ya wanawake waliokuwa wasichana pamoja naye kwa Masista, akaigeuza sufuria akagonga.

Aligonga haraka, kama mutu mwenye haya. Kikwembe hakikusogea.

Mutu mmoja barazani akasema, “Huyu naye kichwa kimeenda.” Colombe akamwambia anyamaze.

Apolline akafunga macho. Akajiona ziwani, miguu majini, jua linashuka upande wa Idjwi, na ile sauti inayomtia haya inateremka kutoka juu kwenye nyumba. Haikuwa na haraka. Mama yake hakuwa na haraka hata siku moja. Akagonga tena: ko. Ko. Ko. Akangoja pumzi nzima, mvua ikijaza nafasi ile. Ko-ko.

Kikwembe kikashuka. M'Njira, ambaye tangu aanguke alikuwa analishwa kwa kijiko, aliketi wima. Macho yake yalikuwa makubwa. Akavuta hewa, akapaza sauti ambayo ilisikika mpaka barabarani, sauti ya mutu anayetaka kuonekana ndani ya matete marefu:

“Sobeya! Sobeya Kasendwe!”

Akalisema mara tatu. Halikuhitaji kengele. Jina ni jina kila mahali. Kisha akanyoosha mikono miwili, na Apolline, mwanamke wa kilo tisini, na masizi mpaka viwikoni, akaenda katika mikono ile, na mama yake akamkumbatia na kumweleza mambo mengi sana katika lugha ile. Hakuna aliyeelewa hata moja. Nje mutu mmoja alikuwa analia kwa nguvu kama ng'ombe. Alikuwa Déogratias.

Lugha ile ikamwishia kidogo kidogo, kama mutu anayekauka akitoka majini. Jua lilipokuwa linashuka alilala. Alipoamka alinusa hewa, akasema kwa Mashi yake ya siku zote:

“Ni nani alimwaga sombe yangu?”

Alikaa nao miezi miwili tena. Walimuuliza habari za kwao. Alikuwa mdogo, akasema, hakuokota mengi: mto wenye mti ulioanguka kuwa daraja, mama mwenye kovu la moto mkononi, baba aliyecheka kwa pua. Njia ya kwenda kule hakuijua. Lakini kila aliyepita mulangoni na kumuuliza kwa mchezo, “Maman, unaitwa nani?” alipata jibu la haraka, na kama hakuuliza, alilipata vilevile. Colombe alikuwa anauliza kila asubuhi. Alisema ni kwa ajili ya kusalimia.

Karani aliandika Sobeya, binti wa Kasendwe. Akauliza ukoo na kilima.

“Weka tupu,” akasema Apolline.

“Mustari hauachwe tupu, citoyenne.”

“Ule wa kwanza uliuacha.”

Muzee Constantin alirudi kwao na mti wake kikapuni. Watu wa Walungu wanasema aliuchongea ulimi mpya, akaufunga kwenye shingo ya mbwa, na kwamba unalia vizuri.

Sobeya Kasendwe alikufa mwisho wa mvua, mchana, akiwa amekula. Kaburini mambo yakafika pale Apolline alipopaogopa: shimo liko wazi, muzee wa ukoo wa Rutega anauliza ni nani atawaambia watu wa kwao, na watu wanatazamana. Wote wakamgeukia Déogratias, kwa desturi. Alifungua koti lake, akatoa sufuria na mwiko, alivyovibeba chini yake tangu nyumbani, akampa dada yake kwa mikono miwili.

Apolline akaigeuza. Hakujua aelekee wapi, basi akaelekea kule matete yalipo. Akagonga tatu, akangoja, akagonga mbili. Kisha akangoja tena, muda mrefu, na watu wakangoja pamoja naye, hata Colombe. Mwishoni Apolline akaweka sufuria chini, akachukua udongo kwa mkono wake, akautupa wa kwanza.